Kinabana mbele, kinapwaya nyuma: shajara ya kiatu cha mama mdogo

14 Januari 2024

Mama mdogo ametoka zamu ya usiku, amekaa kibarazani, amevua raba na kuzirusha, moja huku moja kule. "Wewe si unajua viatu? Haya, nitafutie changu." Ni muuguzi wa wodini, miaka ishirini na ushei juu ya sakafu ya vigae. Raba zenyewe ni mitumba ya Karume, za kampuni kubwa, laini kama andazi. Lakini pembeni ya kidole gumba ameota sugu, na kisigino amekibandika plasta kwa kuwa kiatu kinapanda na kushuka kila anapopiga hatua. Mbele kinabana, nyuma kinapwaya.

Nimeuza viatu vya mitumba miaka sita. Malalamiko haya nimeyasikia hadi nikaacha kuyasikia, na jibu langu lilikuwa moja: "Chukua namba moja juu, dada, utavalia soksi." Mteja analipa, anaondoka. Namba moja juu inampa urefu asiouhitaji na upana kiduchu, na kisigino ndiyo kwanza kinazidi kuogelea.

Ninachotaka: kiatu cha kutembelea cha mwanamke, chenye mto chini, kinachoshika nyuma na kuacha vidole vitanuke mbele. Kiagizwe au kitengenezwe hapahapa Dar, sijali, ila dukani kisizidi 70,000. Mkononi nina 3,400,000, na Machi ni zamu yangu kupokea mchezo.

21 Januari

Siku nne za kupima miguu. Nimepima wanawake 27: wauguzi wenzake mama mdogo, walimu wawili, mama lishe wa pale kituoni, majirani. Wote nimewapima jioni, maana mguu wa asubuhi ni mwongo. Ukishashinda umesimama unavimba. Mtu anasimama juu ya karatasi, uzito miguu yote miwili, nachora kwa penseli iliyosimama wima, kisha futi kamba ya fundi cherehani inazunguka pale penye mifupa ya vidole, halafu juu ya wayo, halafu kisigino. Mguu wa kulia na wa kushoto, kila mmoja peke yake. Watu watatu tu kati yao miguu yao ililingana.

Kilichonishika: walimu wale wawili wote wana urefu wa milimita 245. Dukani wote wangeambiwa 39. Mmoja mzingo wake wa mbele ni 226, mwenzake 247. Kiatu kimoja kitawavaaje hawa? Na si mzingo tu. Mmoja ana vidole virefu na wayo mfupi, mwingine kinyume chake, kwa hiyo mahali mguu unapokunjika panatofautiana karibu sentimita nzima. Kiatu kikikunjika mahali ambapo mguu haukunjiki, hata ukijaza pamba ya hariri utaumia.

Kuhusu namba zenyewe: namba ya Ulaya inapanda kwa theluthi mbili za sentimita, na inahesabu urefu wa kalibu, lile umbo la mguu ambalo kiatu hushonewa juu yake, si wa mguu. Kalibu ya 39 ina milimita 260, ndiyo maana mguu wa 245 unaingia na kubaki na nafasi mbele. Namba ya Uingereza inapanda kwa theluthi moja ya inchi. Ndiyo sababu kwenye mitumba unakuta kiatu kimeandikwa 6 ya Uingereza, 39 ya Ulaya na 8 ya Marekani kwa pamoja, vyote vya mwanamke yuleyule. Wateja hudhani tunawadanganya. Mara hii hatuwadanganyi.

Wengi wa wanawake wangu wana kisigino chembamba na mbele pana. Ndala za maisha yote zimewatanua vidole, na wale waliozaa wananiambia kwa vinywa vyao kwamba viatu vya kabla ya mimba ya kwanza havikuwaingia tena. Raba nyingi ninazouza, hata zile za waridi, ukizipima zimepunguzwa tu kutoka za kiume: mbele na nyuma zimepungua kwa uwiano uleule.

3 Februari

Wiki mbili nimezipoteza kwenye ulaini. Naandika ili nisirudie.

Nilianza na sponji ya godoro. Inachekesha, lakini kuna mafundi wanaitia kwenye viatu na kuuza. Siku ya kwanza mama mdogo alisema anatembea mawinguni. Siku ya sita sponji ilikuwa imelala kama chapati. Nikahamia kwenye soli za ndala, kisha mkeka wa mazoezi, kisha karatasi za EVA, lile povu jepesi la soli za raba, kutoka duka la malighafi za viatu Kariakoo, za ugumu wa aina tatu. Muuzaji anazitambua kwa kuzifinya na kidole gumba. Viwandani kuna kipimo kinachoitwa Asker C, kisindano kinachozama kwenye povu na kusoma namba. Mimi nina kidole gumba cha muuzaji.

Povu laini kuliko yote ndilo lililomchosha mama mdogo kuliko yote. Kisigino kinazama mpaka kinagusa chini, kwa hiyo mto haupo tena, na mguu unayumba pembeni kila hatua, misuli ya muundi inafanya kazi ya kuusimamisha. Yeye ana kilo 84. Tulichokipenda ni tabaka mbili: chini povu gumu kiasi, milimita 18 kisigino na 10 mbele, juu yake soli ya ndani ya milimita 4 iliyo laini kweli. Ule ulaini wa juu ndio mkono unaousikia dukani. Kazi yote inafanywa na lile gumu la chini.

Hasara ya wiki: soli mbili za EVA za mfano niliziacha kwenye dashibodi ya gari la shemeji, madirisha yamefungwa, jua la Februari. Jioni zilikuwa zimesinyaa, moja imekuwa namba 37. EVA haipendi joto la namna hiyo.

11 Februari

Mteja wangu wa zamani kaja na raba alizonunua kwangu mwezi uliopita, safi, hazijavaliwa na mtu. Soli zimemeguka kama keki iliyokauka. Aliniona tapeli. Nilimrudishia pesa na kubaki na viatu, nikavichana usiku ule.

Hiyo ni soli ya PU, povu la poliyurethani. Unyevu wa hewa unaivunja polepole kutoka ndani, na kadiri kiatu kinavyokaa kabatini bila kuvaliwa ndivyo mambo yanavyoharibika kimyakimya. Kiatu cha mtumba kilichokaa miaka minane kwenye stoo ya mtu huko Ujerumani, kisha kikaletwa Dar kwenye unyevu wetu, kinaweza kuwa kipya kwa macho na kimekufa kitambo. PU haipondeki haraka kama EVA, kwa hiyo wauzaji wa soli wataisifia. Kwangu haiingii.

24 Februari

Sampuli zimefika kutoka China kwa ndege, jozi tatu. Kaka mmoja wa Tanzania anayeishi Guangzhou ndiye macho yangu kule. Kiwanda kiko Jinjiang, Fujian, mji ambao raba ndiyo kazi yake. Ushonaji ni safi hadi unaona wivu. Bei nzuri. Nikamvalisha mama mdogo.

"Mwanangu, hiki si kilekile?"

Ni kilekile. Kalibu ileile nyembamba ya katalogi, na kisigino kikubwa. Nikamwandikia kaka kule kwamba nataka mbele ipanuliwe na nyuma ibanwe. Jibu la kiwanda: inawezekana, lakini kalibu mpya seti nzima ya 36 hadi 41 ni gharama yangu, kalibu ya chuma ya kumiminia soli ni gharama yangu pia, nyingine kwa kila namba, na oda isipungue jozi 600 kwa rangi moja. (Kiswahili kinanisumbua hapa: kalibu ya kuvalisha kiatu na kalibu ya kumiminia soli sisi tunaziita jina moja. Tulipishana siku mbili kwa sababu hiyo, kila mmoja anataja bei ya kitu kingine.) Nikijumlisha, mtaji wangu unaisha kabla jozi ya kwanza haijakatwa.

Jambo la pili nimeliona kwa bahati. Bitana ya ndani ya jozi moja ni ngozi, laini, nikaiangalia juani: vitundu vya vinyweleo vimekaa vitatuvitatu. Ngozi ya nguruwe. Viwandani ni kawaida kabisa, ni rahisi na inapitisha hewa. Ila mimi nauza Dar, nusu ya wanawake niliowapima ni Waislamu, na kiatu kinavuliwa mlangoni mwa msikiti. Kuanzia sasa kila agizo linaandikwa: bitana ya kitambaa, na kama ni ngozi, iwe ya mbuzi.

10 Machi

Mchezo nimepokea. Badala ya kutuma Guangzhou nimeenda Buguruni.

Fundi wangu ni mzee mwenye kibanda cha futi sita kwa nane, mkufunzi wa vijana wawili, anayemkumbusha enzi za viatu vya kampuni ya Bora kila anayeketi kwenye benchi lake. Nilimsalimia, nikamwekea karatasi zangu za vipimo mapajani. Akazisoma kimya muda mrefu kuliko nilivyotarajia.

"Bibie, hapa hukuhitaji kwenda China. Hapa ulihitaji tupa."

Akatoa gunia la kalibu za plastiki, nyingi zisizo na mwenzake. Tukapata jozi nne za kike zilizokamilika. Akachukua ya 39, akaibandika vipande vya ngozi pale penye mifupa ya vidole, pande zote mbili, akavinyoa kingo kwa kisu hadi vikapotea kwenye mwili wa kalibu. Kisha akageuza nyuma na kuipiga tupa, kidogo kulia, kidogo kushoto, akipima kwa futi kamba yangu. Kazi ya saa mbili na robo. Mbele imeongezeka milimita 12 za mzingo, kisigino kimepungua 5. Wiki saba nilikuwa natafuta povu.

Ngozi ya juu tumechukua ya ng'ombe, nyembamba, kutoka Moshi. Sehemu ya vidole nimeweka neti ili mguu upumue. Fundi hakuipenda neti. "Kiatu cha chandarua."

6 Aprili

Mvua. Kibanda cha fundi kimeingia maji mara mbili, kazi imelala siku tano.

Tatizo la mwezi huu ni soli. Kwa kuwa siwezi kulipia kalibu ya kumiminia, nanunua soli za soko, zile ambazo kiwanda kinamiminia yeyote. Kiatu hakijali kalibu yako ina uzuri gani. Tumbo la kalibu lazima likae ndani ya kingo za soli kama mguu ndani ya beseni. Kalibu yetu iliyopanuliwa haikai kwenye soli ya kike ya 39. Inamwagika pembeni milimita tatu kila upande, na ngozi ikivutwa hapo gundi inashika hewa.

Tulijaribu 40 ya kike: ncha ndefu mno, kiatu kinajikwaa. Tukajaribu soli ya kiume ya 39. Mbele ikakaa sawasawa. Nyuma ikawa na mabega mapana, mama mdogo akasema anaonekana kavaa boti. Kijana wa fundi ndiye aliyesema tuisage nyuma kwenye mashine ya msasa, EVA inasagika kama mkate. Ikasagika. Nimemwongezea elfu tano kwa wazo hilo, na nitamwongezea tena.

Gundi nayo ina hadithi. Jozi ya kwanza ilifunguka baada ya siku tatu za mvua, soli ikaachia kama mdomo wa mamba. EVA haishiki gundi ya kawaida; inataka kupakwa kwanza dawa ya kuiandaa, ikauke, ndipo gundi ya PU, ipashwe moto, ndipo ibanwe. Tulikuwa tumeruka hatua ya kwanza kwa sababu kopo lake lina bei.

Na hata gundi ikishika, mnunuzi wa Dar hawezi kuiamini. Anatoka na kiatu kipya dukani, kituo cha kwanza ni kwa fundi wa kona azungushiwe uzi. Msharasi, ile sindano ya fundi viatu, ukipita kwenye povu tupu uzi unakata kama waya kwenye siagi. Kwa hiyo nimetafuta soli yenye ukingo wa mpira uliopanda pembeni, na mpira huohuo unapita chini yote, maana EVA peke yake kwenye vigae vyenye maji ya sabuni ni barafu. Imeongeza uzito: kiatu kimoja cha 39 kimetoka gramu 240 hadi 295. Tunashona wenyewe kabla ya kuuza, uzi wenye nta. Mnunuzi aukute.

19 Mei

Jozi nane zimekamilika, zimegawiwa. Mama mdogo, wauguzi wawili, mwalimu mwenye mzingo wa 247, mwenzake wa 226 (kwake tumetumia kalibu isiyopanuliwa, kisigino kilekile kilichopunguzwa), mama lishe, jirani anayetembea kwenda Kariakoo alfajiri, na mimi. Masharti ni moja: vaa kila siku, usininyamazie.

9 Juni

Wamesema.

Mbele hakuna aliyelalamika. Hakuna. Mwalimu wa 247 aliniambia hajawahi kumaliza vipindi vya siku nzima bila kuvua viatu chini ya meza. Sugu ya mama mdogo haijapona, miaka yote hiyo haiwezi kufutwa na wiki tatu, lakini ameacha kuikata kwa wembe.

Neti inaingiza vumbi jekundu hadi soksi zinabadilika rangi. Fundi alisema, na anapenda kukumbushia kwamba alisema. Mama lishe amemwagikiwa mafuta ya moto juu ya neti, bahati nzuri kidogo tu. Neti inaondoka mbele, inabaki ubavuni. Rangi nyeusi inachemka juani. Cha jirani kinalia kwichi, kwichi. Tumekuta soli ya ndani inasuguana na ubao wa chini, tukanyunyizia poda ya watoto, kimya.

Kisha nikavigeuza vyote nane nyuma. Vitano vimekanyagwa kisigino.

Kile kipande kigumu cha nyuma, ambacho tumepima, tukapunguza, tukagombana juu yake miezi mitatu, kimelazwa chini na kuwa kandambili. Nilikaa nacho mkononi nikacheka, halafu nikakasirika, halafu nikaanza kuhesabu. Jirani: anavua mlangoni kwake, mlangoni kwa mkwe, msikitini adhuhuri na alasiri, kwenye jamvi la shoga yake. Mama lishe anavua kila anapopanda kwenye mkeka kumnyonyesha mtoto. Mara kumi kwa siku, na mimi nimewafungia kamba matundu sita. Nani atafungua kamba mara kumi kwa siku na beseni kichwani? Waliobaki na visigino vizima ni wauguzi wawili, ambao wakivaa saa moja asubuhi wanavua jioni, na mimi, ambaye naogopa kazi yangu mwenyewe.

Miguu nilipima kwa milimita, na mlango sikuupima.

16 Juni

Fundi na mimi, siku nzima. Kamba zimeondoka, pande mbili za mdomo tumeweka mpira wa kuvutika, upana wa vidole vitatu. Nyuma kipande kigumu tumekipandisha na kukipinda nje kwa juu kama mdomo wa mtungi, mguu uteleze kuingia bila kukipondaponda, na pale juu tumeshona kitanzi cha kuvutia. Chini ya mdomo huo kuna kajito ka povu kanakokikamata kisigino juu kidogo ya mfupa. Nimeogopa kwamba bila kamba kitapwaya tena. Mama mdogo amepanda na kushuka ngazi za ghorofani kwa jirani mara kumi na mbili, kisigino hakikupanda. Akaomba maji.

30 Juni

Mahesabu ya jozi moja kwa sasa: soli 9,500 pamoja na usafiri wa kuchangia kontena, ngozi futi mbili na ushei pamoja na zinazoharibika 8,000, bitana, mipira, uzi, gundi na dawa yake 6,500, soli ya ndani 2,500, ufundi 14,000, boksi 1,200. Inakuja 41,700. Nikiuza 65,000 nabaki na kitu, kabla sijaanza kulipa kodi ya kibanda na viatu vitakavyorudishwa.

Nimeagiza soli jozi 120, si viatu. Wakala anasema zitachukua wiki tano hadi saba baharini, na nimeomba kwa maandishi zisikae juu kabisa ya kontena chini ya bati. Zikifika tutakata jozi 60 za mwanzo: 38, 39 na 40, kila namba upana wa aina mbili. Juu ya boksi sitaandika "pana" na "nyembamba". Mwalimu wangu wa 247 aliniambia hawezi kusimama mbele ya watu dukani akaomba kiatu kipana. Tutaziita Mvule na Mnazi, ajue muuzaji.

7 Julai

Sikukuu, Sabasaba, mji mzima uko kwenye maonyesho. Fundi amenipigia simu saa nne: kalibu ya 38 ya kushoto ya Mvule, ile tuliyobandika juzi, ngozi yake imesogea, na kiatu cha mfano kinachubua juu ya kidole kidogo. Nimechukua vipimo vya wale wenye 38, niko njiani kwenda Buguruni. Mwendokasi umejaa, nimesimama kuanzia Magomeni, kwa viatu vyangu.